Kijiji Chini ya Mwamba: Habari za Petit-Andely na Boma Lake

Katika kitabu hiki cha jubilei wengine wamesimulia habari za parokia yetu wenyewe: mapadri wa kwanza, makatekista, ujenzi wa kanisa, na wazee waliobeba matofali kichwani. Kazi yao ni njema, nasi hatutairudilia. Sisi tunaomba kurasa chache kwa ajili ya kijiji kimoja cha mbali, katika nchi ya Ufaransa, ambacho hakikuzaliwa kwa sababu ya padri wala kwa sababu ya soko, bali kwa sababu ya boma la vita. Jambo hilo si geni kwetu. Wakristu wa kando ya ziwa Tanganyika wanajua kwamba Mpala ilianza mwaka wa 1883 kama boma la Mbelgiji Émile Storms, na kwamba Mapadri Weupe walilipokea boma hilo mwaka wa 1885. Watu wakajenga karibu nao wakitafuta salama. Basi ulizo tutakalolifuata katika kurasa hizi ni hili: boma linapojengwa, linajengwa kwa ajili ya nani? Na siku ya njaa, mlango wake unafunguliwa kwa nani?

Mto Seine ukiisha kupita mji wa Paris unaelekea kaskazini-magharibi, kwenye bahari, lakini hauendi moja kwa moja. Unajipinda huku na huku kama nyoka mkubwa aliyeshiba. Mahali pamoja, mwendo wa kilometa 95 hivi toka Paris, na kilometa 40 hivi mbele ya kufika Rouen, mto unauzunguka mwamba mkubwa wa mawe meupe ya chokaa, wenye kimo cha meta 90 juu ya maji. Juu ya mwamba huo kunasimama magofu ya boma liitwalo Château-Gaillard. Chini yake, ukingoni mwa mto, kuna nyumba zilizosongamana kuzunguka kanisa: hapo ndipo Petit-Andely, maana yake Andely Ndogo.

Andely Kubwa, au Grand-Andely, iko ndani zaidi, katika bonde la kijito Gambon, na umri wake ni mkubwa kuliko wa mwenzake. Mapokeo yanasema kwamba Mtakatifu Clotilde, malkia wa Wafranka, yule aliyemwongoza mume wake Clovis hata akabatizwa, alianzisha pale monasteri ya mabikira karibu na mwaka wa 511. Wanasimulia kwamba waashi waliokuwa wakijenga walilalamika kwa kiu na kwa ukosefu wa divai. Malkia akaomba, na maji ya chemchemi yakawa na ladha ya divai mpaka kazi ikaisha. Monasteri iliharibiwa na Wanormani walipokuja na mashua zao kunyang'anya mali, lakini chemchemi ya Mtakatifu Clotilde ilibaki, na wahiji waliifuata kwa karne nyingi wakiomba kuponyeshwa. Basi mbele ya boma kulikuwa na imani mahali pale, na kulikuwa na watu. Kijiji cha mtoni, lakini, ni kazi ya mfalme mmoja na ya miaka miwili tu.

Mfalme huyo ni Richard wa Uingereza, ambaye watu walimwita Moyo wa Simba. Msomaji asishangae kuona mfalme wa Uingereza akijenga katika Ufaransa. Tangu mwaka wa 1066, Guillaume, mtawala wa Normandie, alipovuka bahari na kuteka Uingereza, uzao wake ulishika nchi zote mbili. Kwa hiyo mtu mmoja alikuwa mfalme kamili ng'ambo ya bahari, na upande huu alikuwa mtawala wa Normandie aliyepashwa kumheshimu mfalme wa Ufaransa kama mkubwa wake. Watu wawili wenye kiburi hawawezi kuishi salama katika mpango wa namna hiyo. Richard alipokamatwa mwaka wa 1192 akitoka katika vita vya msalaba, akafungwa katika nchi za Wadachi, mfalme Philippe Auguste wa Ufaransa hakulala. Mwaka wa 1193 alipata boma kubwa la Gisors, na mlango wa Normandie ukawa wazi. Richard alipofunguliwa mwaka wa 1194, alikuta nyumba bila mlango.

Mnamo Januari mwaka wa 1196 wafalme hao wawili walifanya mapatano. Neno moja la mapatano hayo linatupasa tulishike: Andely isiwe ya huyu wala ya yule, tena isijengewe boma. Sababu yake ilikuwa kwamba Andely ilikuwa mali ya Askofu mkuu wa Rouen, Gauthier de Coutances. Mashua zilizopita mtoni zililipa ushuru pale, na ushuru huo uliingia katika mfuko wa askofu. Mapatano yalipigwa muhuri. Hata hivyo Richard alikuwa ameisha kuutazama ule mwamba. Aliona kwamba mwenye kuushika ataufunga mto kama mtu anavyofunga mlango kwa komeo, na Rouen italala salama nyuma yake. Katika mwaka uleule akaanza kujenga, bila kibali cha askofu.

Gauthier alikuwa mtu wa kuheshimiwa. Alikuwa amemtumikia Richard kwa uaminifu katika mambo makubwa, na alikuwa amesimamia serikali ya Uingereza wakati mfalme alipokuwa mbali. Hakunyamaza. Aliondoka kwenda Roma kumshitaki mfalme mbele ya Papa Célestin III, na Normandie yote akaiwekea interdikto, maana yake katazo la ibada. Watu wa siku hizi hatuijui vizuri azabu hiyo, kwani Kanisa limeacha kuitumia kwa nchi nzima. Milango ya makanisa ilifungwa. Misa mbele ya watu ilikomeshwa. Kengele zikanyamaza, ndoa hazikubarikiwa, wafu hawakuzikwa kwa ibada katika udongo mtakatifu. Mwandishi wa historia Mwingereza wa siku zile, Roger de Hoveden, ameandika kwamba katika miji ya Normandie maiti zililala njiani bila kuzikwa.

Hapa tunaomba ruhusa kusema tunavyofikiri. Askofu alikuwa na haki: mali ilikuwa ya Kanisa lake, na mfalme alikuwa amevunja neno lake mwenyewe. Lakini fimbo iliyoinuliwa juu ya mfalme ilianguka juu ya mgongo wa mjane aliyetaka kumzika mume wake. Richard mwenyewe hakukosa chakula wala usingizi. Waashi wake waliendelea kupiga mawe. Papa alilitambua jambo hilo, akaondoa katazo katika mwaka wa 1197. Katika Oktoba ya mwaka huo mfalme na askofu walipatana: Andely ikawa ya mfalme, na Askofu mkuu akapewa badala yake vinu vya Rouen, bandari ya Dieppe, Louviers na mashamba mengine. Ilikuwa biashara nzuri kwa Kanisa la Rouen, nzuri kupita mali iliyotolewa. Mapadri wataturehemu tukisema kwamba, kati ya wote waliohusika katika ugomvi huo, ni maiti za njiani peke yao ambazo hazikupata faida.

Kazi ilikwenda kwa haraka ya ajabu. Katika siku zile boma la mawe la ukubwa huo lingeweza kuomba miaka kumi. Hili lilisimama kwa muda wa miaka miwili hivi, toka 1196 mpaka 1198. Hesabu za mfalme zimebaki, nazo zinaonyesha garama ya paundi elfu kumi na mbili hivi, ambayo ni zaidi ya feza yote Richard aliyotumia kwa maboma yake ya Uingereza katika muda wote wa utawala wake. Katika hesabu hizo hakuna jina la fundi mkuu hata moja, jambo lililowafanya wengi wafikiri kwamba mfalme mwenyewe ndiye aliyeichora kazi. Lakini kazi za watu zimeandikwa: wachonga mawe, waashi, maseremala, wahunzi, wakata miti, wachimbaji wa mitaro, wenye kuchukua maji, waendesha magari ya farasi, walinzi. Tunaweza kuwaza kelele za nyundo toka asubuhi mpaka jioni, na vumbi jeupe la chokaa likishuka mtoni.

Boma lilikuwa na nyua tatu, moja nyuma ya nyingine, zilizotengwa kwa mitaro mikavu iliyochongwa ndani ya mwamba. Ukuta wa ndani kabisa haukuwa laini. Ulijengwa kwa mikunjo ya mviringo, kama mawimbi yaliyosimama, ili jiwe la kombeo kubwa la vita likiupiga liteleze pembeni. Ndani yake kulikuwa na mnara mkuu. Tena Richard hakujenga juu ya mwamba tu. Alijenga boma dogo juu ya kisiwa katikati ya Seine. Alipiga safu tatu za miti katika maji ili mashua za adui zisipite. Na ukingoni, chini ya mwamba, aliweka mji mpya wenye ukuta wake na daraja lake. Kati ya mji huo na Andely Kubwa maji ya vijito yalizuiwa yakawa ziwa. Mji huo mpya ndio Petit-Andely.

Ni nani waliokuja kukaa humo? Historia haikuandika majina yao, lakini si vigumu kuwajua. Watu wa mashua na wavuvi walikuja, kwani mto ulikuwa njia kuu. Mafundi walikuja kwa ajili ya mshahara wa ujenzi wakabaki. Waokaji wa mkate, wauza divai na wafua nguo walikuja, kwani askari hula, hunywa na huchafuka kama watu wengine. Wakulima wa pembeni walikuja kwa sababu vita vilikuwa vimechoma mashamba yao, na ukuta wa mfalme ulikuwa ahadi. Mtu aliyelala usiku katika Petit-Andely alikuwa akitazama juu na kuuona moto wa walinzi. Akaamini kwamba moto ule ulikuwa ukimlinda yeye vilevile. Tulishike neno hilo.

Richard hakufurahia kazi yake siku nyingi. Mnamo Machi mwaka wa 1199, mbele ya boma dogo la Châlus, alipigwa mshale begani. Kidonda kikaoza, akafa tarehe 6 Aprili. Ndugu yake Jean, aliyeitwa Jean Asiye na Nchi, akamfuata. Jean hakuwa mjinga, lakini hakuwa mtu wa kuaminiwa, na wakubwa wengi wa Normandie walianza kumwacha. Mnamo Agosti mwaka wa 1203 Philippe Auguste alifika mbele ya Andely pamoja na jeshi lake.

Kwanza aliushambulia mto. Mtu mmoja aitwaye Gaubert, wa mji wa Mantes, fundi wa kuogelea, alipita ndani ya maji akivuta vyombo vilivyozibwa vizuri, vyenye moto ndani yake, akaiunguza miti iliyolinda kisiwa. Jean alituma watu kuokoa: jeshi moja kwa nchi kavu, mashua kwa mto, wote wafike usiku mmoja. Lakini waliokosea ni wale waliopima nguvu za maji. Mashua zilichelewa, jeshi la nchi kavu likapigwa peke yake, kisha mashua zikafika kulipopambazuka na kupigwa nazo. Kisiwa kikaanguka. Watu wa Petit-Andely, walipoona hivyo, waliacha nyumba zao, wakakamata watoto, mikate na blanketi, wakapanda mwamba mbio kuingia ndani ya boma. Askari wa Philippe wakalala katika vitanda vyao.

Mkuu wa boma, Roger de Lacy, aliwafungulia. Tusisahau kumpa haki yake katika jambo hilo: siku ile ya kwanza mlango ulifunguliwa. Lakini waandishi wa historia wanahesabu waliopanda kuwa kati ya 1.400 na 2.200, zaidi ya askari. Chakula kilikuwa kimewekwa kwa ajili ya askari, si kwa ajili ya kijiji kizima. Philippe, kwa upande wake, hakuwa na haraka. Alichimba mitaro miwili kuuzunguka mwamba, akasimamisha minara ya mbao juu yake, akajenga vibanda kwa ajili ya baridi, akangoja. Njaa ni askari asiyeomba mshahara.

Roger de Lacy alihesabu magunia yake, akaona hesabu haitoshi. Akatoa nje watu 500, wazee na wazaifu; Wafaransa wakawaonea huruma na kuwaacha wapite. Nyuma ya siku chache akatoa wengine kama 500, nao wakapita. Philippe hakuwa pale. Aliposikia, alikasirika, akaamuru asipite tena hata mtu mmoja, kwani kila kinywa kilichotoka bomani kiliongeza siku za kuishi za askari waliobaki. Ndipo Roger akawatoa waliobaki wote, 400 kwa uchache, na wengine wanahesabu hata 1.200. Walishuka wakifikiri kwamba watapita kama wenzao. Walipigwa mishale. Wakageuka, wakapanda tena mbio mpaka kwenye mlango ambao walikuwa wametoka, wakaukuta umefungwa.

Kifaransa kina jina kwa watu wa namna hiyo: «vinywa vya bure», yaani watu wanaokula bila kupigana. Ni jina la kutisha, kwa sababu linapima mtu kwa mkate wake. Wanaume waliochonga mawe ya ukuta ule, wanawake waliowafulia askari nguo, watoto waliozaliwa chini ya mwamba, walikuwa sasa vinywa vya bure. Walikaa kati ya ukuta na mitaro, katika mapango na mashimo ya mwamba, baridi yote ya mwaka 1203 kuingia 1204, karibu miezi mitatu. Walikula majani. Waliokuwa ndani walipofukuza mbwa wao, kwani nao walikula mno, watu walikula mbwa hao, nyama na ngozi. Waliinama kunywa maji ya mto. Juu yao walisikia sauti za watu waliowajua. Chini yao, usiku, waliona moto katika nyumba zao wenyewe.

Tunajua habari hizo kwa sababu ya padri. Guillaume le Breton alikuwa kapelani wa mfalme Philippe, alikuwapo, naye akaandika vita hivyo kwa mashairi marefu ya Kilatini ya kumsifu bwana wake. Mtu aliyelipwa kwa kusifu angeweza kuruka ukurasa ule. Hakuuruka. Anasimulia kwamba mnamo Februari mfalme alirudi kwa jeshi lake, na wale watu, walipomwona akipita, walimlilia kwa sauti moja. Philippe akaamuru wafunguliwe njia na kupewa chakula. Kati yao alikuwapo mtu mmoja aliyeshika mguu wa mbwa. Wakamwambia autupe, naye akakataa mpaka aone mkate mkononi mwake. Zaidi ya nusu ya watu hao walikuwa wameisha kufa, na wengi wa waliobaki walikufa walipokula, kwa kuwa tumbo lililokauka haliwezi kupokea chakula gafula.

Watu wengi wamemsifu Philippe kwa huruma hiyo. Sisi hatukatai kwamba ilikuwa huruma. Tunasema tu kwamba ilikuwa ni amri yake mwenyewe aliyoiondoa. Kuhusu Roger de Lacy, waandishi wengi wa mambo ya vita wanamtetea: alikuwa na kazi ya kulilinda boma la mfalme wake, na kila mkuu wa boma wa wakati ule angefanya vilevile. Ni kweli. Ndiyo maana jambo hilo ni zito. Si habari ya mtu mmoja mwovu. Ni habari ya desturi, na ya watu wawili wenye heshima, kila mmoja akingoja mwenzake awe wa kwanza kuhurumia.

Mwisho wa boma ulikuja upesi. Mnamo Februari na mwanzo wa Machi Wafaransa walichimba chini ya mnara wa mbele, ukaanguka. Ua wa pili ulikuwa mgumu zaidi, lakini mfalme Jean alikuwa ameongeza nyumba pale, yenye kapela, na dirisha lake lilitazama nje. Askari mmoja aitwaye Bogis alipandishwa na wenzake mpaka kwenye dirisha hilo, akaingia, akawavuta wengine. Kazi yote ya Richard, mikunjo ya ukuta na mitaro ya mwamba, ilishindwa na dirisha ambalo yeye hakulijenga. Tarehe 6 Machi 1204 ua wa mwisho ulivunjwa, wakakamatwa mashujaa wapanda farasi 20 na askari wengine 120 hivi. Roger de Lacy alitendewa kwa heshima, na mfalme Jean akatoa feza nyingi ili akombolewe. Tarehe 24 Juni Rouen ikajitoa. Normandie ikawa ya Ufaransa.

Na kijiji? Hapo ndipo tunapoona jambo la kushangaza. Mfalme aliyekijenga amekufa, mfalme wa pili amekimbia, nusu ya watu wamelala katika mitaro, lakini Petit-Andely haikufa. Mto uliendelea kupita, na mashua zilitaka mahali pa kufungia kamba. Katika miaka hiyohiyo ya mwanzo wa karne ya 13 lilijengwa kanisa la Saint-Sauveur, yaani la Mwokozi Mtakatifu, katikati ya kijiji. Si kanisa kubwa. Umbo lake ni la msalaba ambao mikono yake karibu inalingana, kwa hiyo mtu akisimama katikati anaona pande zote sawasawa, na hakuna mtu wa nyuma sana. Mbele ya mlango liliongezwa baadaye baraza la mbao, na ndani kuna kinanda kikubwa kilichotengenezwa na fundi Ingout mwaka wa 1674. Mashairi ya Guillaume yanafahamika na wataalamu. Lakini wana wa wale waliosalimika walibatizwa humo.

Karne zilizofuata tunaweza kuzipita upesi. Boma lilikuwa gereza: mwaka wa 1314 Marguerite de Bourgogne, mke wa mrithi wa kiti cha Ufaransa, alifungwa humo kwa shitaka la uzinzi, akafa mwaka uliofuata. Lilikuwa kimbilio: mfalme kijana wa Uskoti, David wa pili, aliishi humo toka 1334 mpaka 1341. Katika Vita vya Miaka Mia lilipita mkono kwa mkono; mwaka wa 1419 Waingereza walilipata nyuma ya miezi mingi, na wanasema kwamba watetezi walishindwa kwa sababu kamba za kuvutia maji kisimani zilikuwa zimekatika kwa uchakavu. Mwaka wa 1449 likarudi kwa Wafaransa kwa daima.

Mwisho wa karne ya 16, Wakatoliki na Waprotestanti wa Ufaransa walipochoka kuuana, boma lilikuwa tupu, lakini watu wa pembeni walikuwa bado wanaliogopa. Walijua kwamba kikosi chochote cha wanyang'anyi kingeweza kupanda juu ya mwamba na kuwatawala kwa woga. Wajumbe wa nchi walimwomba mfalme Henri IV alibomoe. Alikubali. Watawa Wakapusini walipewa ruhusa ya kuchukua mawe kwa kutengeneza nyumba zao, na kwa miaka fulani magari ya ng'ombe yalishusha bondeni mawe yaleyale ambayo magari mengine yalikuwa yamepandisha katika siku za Richard. Hatujui kama watawa hao walikumbuka ugomvi wa Askofu Gauthier. Tunaona tu kwamba nyuma ya miaka mia ine sehemu ya mali ilirudi kwa Kanisa, gari kwa gari.

Kijiji cha mtoni kiliendelea na maisha yake ya kimya. Katika karne ya 18 mtawala wa Penthièvre alijenga pale hospitali kubwa ya Mtakatifu Yakobo, ukingoni mwa mto, kwa ajili ya maskini. Mwaka wa 1753 alizaliwa pale Jean-Pierre Blanchard, yule ambaye mwaka wa 1785, pamoja na Mmarekani mmoja, alivuka bahari kati ya Uingereza na Ufaransa kwa puto la hewa, mtu wa kwanza kufanya hivyo. Mtoto wa kijiji kilichofungiwa mto alipata njia ya juu. Mchoraji mkubwa Nicolas Poussin, aliyezaliwa mwaka wa 1594, alitoka katika kitongoji cha karibu. Katika Juni ya mwaka wa 1940 mabomu ya ndege yaliteketeza sehemu kubwa ya katikati ya Andely Kubwa. Serikali ilikuwa imeyaweka magofu ya boma katika orodha ya majengo ya kuhifaziwa tangu mwaka wa 1862, na mwisho wa karne ile ya 19 mchoraji Francis Tattegrain alichora picha kubwa sana ya vinywa vya bure chini ya ukuta. Kwa namna hiyo watu waliotolewa nje walirudishwa, bila majina, mbele ya macho ya wageni.

Andely zote mbili ni mji mmoja leo, Les Andelys. Wageni wanapanda mwamba kwa miguu, wanapita kwenye mitaro ambayo majani yameota ndani yake, wanaugusa ukuta wa mikunjo ambao bado unasimama kwa sehemu. Wakigeuka wanaona Seine ikijipinda, kisiwa katikati yake, mashua za mizigo zikipita bila kulipa ushuru kwa mtu yeyote pale, na chini kabisa, karibu na maji, paa la Saint-Sauveur na nyumba zinazolizunguka.